Katuni ya Otieno Ilipokuzwa

Siku ya kwanza kazini nilifika mtaa wa Kawangware 46 nimevaa tai, nikakuta ofisi yenyewe iko juu ya kinu cha posho, unga umetanda hadi kwenye kibodi. Msimamizi wetu, mama Mmaragoli asiyecheka ovyo, alinitazama kuanzia juu hadi chini. "Toa hiyo tai, itanaswa na feni. Halafu keti."

Tulikuwa tukichukua katuni za zamani, zile ambazo kompyuta za siku hizi hazizitambui tena, na kuzigeuza video ya kuchezeka hata kwenye simu. Ninyi vijana mnadhani ni kubofya tu. Ebo!

"Hii si picha," Msimamizi aliniambia, akigonga kioo kwa kalamu. "Ni maagizo. Chora mstari toka hapa hadi pale, paka nyekundu. Kila ukiifungua, mashine inachora upya. Basi usiirekodi kutoka kwa skrini. Iambie mashine ichore kubwa, fremu moja moja, kisha uziunge na sauti yake." Akanionya kwamba vitu vidogo ndani ya katuni vina mwendo wao wenyewe, ukiharakisha, mtu atatembea lakini macho hayatapepesa. Nilishangaa: mchoro usio na ukubwa! Unautanua ukajaza ukuta na mstari usififie. Mpaka leo sijaizoea ajabu hiyo.

Baadaye nikahamishiwa kituo cha vijana cha Soweto West, mtaa mwingine wa mabati hapa jijini, chini ya Mkurugenzi, mtu wa haraka. Huko ndiko alikokuja Mama Otieno, muuza omena, wale dagaa wa ziwani, kutoka mtaa jirani wa Mashimoni, na diski imefungwa ndani ya leso. Otieno, mwanawe, alikuwa mchora katuni, na alikuwa amefariki. Hakuna kompyuta ya mtaani iliyokubali kufungua kazi yake, na macho ya mama yalikuwa yanakwisha.

"Baba Amina," aliniambia, "huyu kijana alishinda kwenye mashine. Napita na mtungi wa maji, mgongo unaniuma, hata kichwa hainui. Nilimgombeza sana. Wacha nione alikuwa anatazama nini, kabla giza halijaniingia."

Mkurugenzi akasema, "Mzee, rekodi tu skrini, tumalize."

Amri ni amri. Nikaifungua kwa programu ya kuigiza ile ya zamani, ikatokea kwenye kidirisha kidogo, nikarekodi. Mama akasogeza uso karibu, akarudi nyuma. "Naona ukungu tu."

Nilikasirika, nawaambia ukweli. Nikafufua kompyuta kuukuu ya stoo iliyokuwa bado na programu ya zamani yenyewe, nikatanua katuni, nikaitoa fremu moja moja kama nilivyofundishwa. Hata Mkurugenzi alikuja kushika waya. Tukatundika shuka nyeupe ukutani, tukaimulikia katuni kwa projekta.

Lo! Mashimoni nzima ikatutokea: mabati, kutu, kamba za nguo. Katuni ilikuwa ya jogoo mlafi, na tulicheka. Lakini nyuma kabisa, kwenye kioski cha maji, palikuwa na kitu ambacho kwenye skrini ya Otieno hakikuzidi nukta. Sasa kilikuwa mwanamke mwenye kitambaa cha buluu, mtungi kichwani. Aliutua, akajishika kiuno, akanyoosha mgongo, akaubeba tena. Jogoo alifanya vituko vyake vyote, na yule mama akaendelea vivyo hivyo. Otieno alijua hakuna atakayemwona, na bado alimchorea hata pindo la kitambaa.

Mama Otieno alikwenda mpaka kwenye shuka, akamgusa yule mwanamke kwa kiganja. Kichwani yeye mwenyewe alikuwa na kitambaa kile kile cha buluu.

"Kumbe alikuwa ananiona," akasema, akaketi chini akalia. Mimi pia nililia, sioni haya.

Nimestaafu sasa. Mkiniuliza siri ya video safi, nitawaambia ni subira, na mtanicheka. Haya, chekeni. Mama Otieno haoni tena kabisa. Lakini nikipita kwake Mashimoni hunitaka nimwekee ile katuni kwenye simu, naye huketi akimsikiliza jogoo.

"Ameshatua mtungi?" huniuliza.

Nangoja fremu ifike. "Ametua, Mama Otieno."

"Basi isimamishe hapo kidogo. Apumzike."