Kope Nzito za Mwajabu

Mwajabu alikuwa msusi wa Chamazi, na wanawake walimfuata kwa sababu ya mkono wake mwepesi. Mwaka huo kope zake zikaanza kumwangusha. Asubuhi aliamka macho yote yako wazi. Ikifika alasiri, kope ya kushoto ilijishukia yenyewe, kisha ya kulia nayo. Ili aone njia ya nywele, ilimbidi ainue kidevu na kukunja paji la uso mpaka shingo imuume. Jua likizama, vitu vyote aliviona viwili viwili.

"Mama Najat, unanisuka huku unasinzia?" mteja mmoja alimuuliza Mwajabu, kioo mkononi. "Ona mistari ilivyopinda."

"Silali, shoga. Ni macho tu."

Yule hakurudi, na wengine wakapungua. Mtaani wakasema anakesha kwenye ngoma. Wapo waliosema amerogwa. Matone ya duka la dawa hayakusaidia. Akafikia hata kuzibandika kope kwa plasta ili kazi iishe.

Siku uji ulipompalia na ulimi ukawa mzito, wifi yake Najma hakumsikiliza tena. Alimkokota hadi hospitali.

Daktari, mama wa makamo aitwaye Avelina, alimwambia atazame dari asishushe macho. Kope zikateremka taratibu. Akafunga barafu ndani ya glavu, akaikalisha juu ya jicho la kushoto, wakangoja. Alipoiondoa, Najma aliruka.

"Wifi! Limefunguka!"

"Neva zinatuma ujumbe," daktari alieleza, "lakini misuli haiupokei vizuri, maana kinga ya mwili wako yenyewe inauzuia. Ukipumzika, au ukipata ubaridi, unapita kidogo. Tutapima damu na kifua. Dawa zipo, ila ni za muda mrefu. Na ukishindwa kumeza au kupumua, usingoje kesho."

"Kwa hiyo mie si mvivu?"

"Hapana, dada. Unaumwa."

Mwajabu akalia palepale kitini. Hakuwa na woga. Alikuwa amechoka tu kubishana na watu.

Vidonge vilimsokota tumbo mwanzoni, lakini vikikolea, kope hupanda na chakula hushuka bila shida. Havijamponya. Siku hizi anasuka asubuhi tu. Adhuhuri anafunga kibanda, anajilaza kwenye mkeka. Kuna siku dawa haitoshi, na siku hizo hasuki kabisa. Wateja wengine wameizoea ratiba hiyo. Wengine wamehamia kwa msusi wa Mbande.