Silvana Aliyemfuata Meneja Mtowisa

Mtu akipita mtaa wa Mazwi asubuhi, kicheko cha Silvana kilimfikia kabla hajaiona nyumba yenyewe. Alikuwa mjane, mfumaji wa masweta ya shule, na baridi ya Sumbawanga ilimpa wateja mwaka mzima.

Mwaka 1994 Kalisti, mdogo wa marehemu mumewe, alimwomba amdhamini benki ili anunue mashine ya kusaga huko Mwimbi. Silvana hakusita. Mumewe alipofariki, Kalisti ndiye aliyewalipia wanawe ada. Silvana akaiweka rehani hati ya nyumba yake.

Mashine ilisaga vizuri, lakini dizeli ilipanda bei na riba ikavimba hadi kulipita deni lenyewe. Ndipo meneja wa benki, Mzee Shedrack, akawaita wote wawili. Makao makuu yalikuwa yameruhusu: mkopaji mdogo akilipa, kabla ya mwisho wa Juni, fedha zote alizokopa, riba inafutwa. Kalisti akauza ng'ombe wanne na ulezi wote uliokuwa ghalani. Wakalipa, wakapewa barua yenye saini ya meneja: deni limekwisha, hati itafuata.

Hati haikufuata. Shedrack alistaafu, akaja meneja mwingine, na Jumanne moja dalali akabandika tangazo la mnada mlangoni kwa Silvana.

"Baba, hujakosea nyumba?" Silvana aliuliza.

"Jina ni lako, mama. Riba haijalipwa."

Siku hiyo Mazwi haikusikia kicheko. Kesho yake Silvana alivaa kitenge kipya, akaenda kwa Edith, katibu wa parokia, akaandikiwa malalamiko kwa taipureta, akayapeleka mahakamani. Mnada ukasimamishwa.

Kesi ilipoanza, wakili wa benki alisema barua ile si kitu, kwa kuwa meneja hakuwa na mamlaka ya kufuta riba.

"Mama, wewe ni mfumaji," alimwambia Silvana. "Mambo ya mikopo unayajuaje?"

"Siyajui sana, mheshimiwa. Ila mteja akishalipia sweta, simfuati nyumbani kudai na kofia yake."

Watu wakaangua kicheko. Hakimu alikohoa kuficha chake, akauliza kama ana shahidi.

"Ninaye. Ni Mzee Shedrack aliyesaini. Yuko Mtowisa, bondeni, analima mpunga."

Akapewa wiki mbili. Silvana akapanda lori lililokuwa likifuata mchele bondeni. Alianza safari na masweta mawili mwilini. Lori lilipomaliza kuteremka, yote mawili yalikuwa kwenye kikapu, na vumbi limempaka hadi kope. Alimkuta Shedrack shambani, suruali kaikunja magotini, matope yamemfika kwenye mashavu ya miguu.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba. He! Mama Silvana! Nani kakuleta kwenye joto hili?"

"Saini yako."

Mzee akacheka mpaka akaketi kwenye tuta. Aliposikia habari ya mnada, kicheko kikakatika.

"Nilisaini kwa ruhusa," alisema. "Na nakala ya waraka wa makao makuu ninayo."

Akaitoa kwenye sanduku la bati chini ya kitanda, imetoboka kidogo kwa mende lakini inasomeka, muhuri na yote.

Mahakamani, mbele ya Shedrack, wakili aliusoma waraka, akausoma tena, akaketi. Hakimu akaamua kwamba deni lilimalizwa kwa makubaliano halali, na deni likiisha, mdhamini hana anachodaiwa. Benki irudishe hati ndani ya siku saba na ilipe gharama za kesi. Vigelegele vikalipuka. Hakimu aliinua mkono kutaka kimya, kisha akaushusha tu.

Siku ya saba iliangukia Jumamosi, na uani kwa Silvana pombe ya ulezi ilikuwa imeiva. Kalisti, ambaye tangu tangazo lile hakuthubutu kumtazama usoni, alikuja na mbuzi.

"Shemeji, nisamehe."

"Nikusamehe nini, na wewe ulilipa? Nenda kacheze!"

Akacheza mpaka ukanda wa kiatu ukakatika, akaendelea pekupeku.

Katikati ya ngoma meneja mpya akatokea getini, bahasha mkononi, hajui aweke wapi macho yake. Nyimbo zikanyamaza. Silvana alimsogezea kigoda, akamwekea ugali wa ulezi na nyama.

"Kula kwanza, baba. Karatasi haipoi."

Meneja akanawa mikono.