Usukani wa Mwalimu Risper

Ipo siku moja, mwanangu, ambayo hata nikizeeka nikachanganya majina ya wajukuu zangu, sidhani nitaisahau. Ilikuwa Ijumaa asubuhi, jua safi, katika soko la Uriri. Nilikuwa nimelala chali chini ya gari la mwalimu mmoja, vumbi machoni, mkono wangu umeshika kipande cha chuma ambacho kilikuwa kinaniambia kwamba mimi si fundi niliyejidhania. Lakini nikianzia hapo nitakuwa nimeruka mengi. Wacha nirudi nyuma kidogo, chai bado ni moto.

Nilikuwa na miaka ishirini na mitatu. Karakana yetu ilikuwa Migori mjini, kando ya barabara iendayo Masara kwa wachimba dhahabu, na magari ya Masara yalitupa kazi tele kwa sababu njia ile haikuwa na huruma kwa chuma. Mimi nilikuwa na kipaji kimoja, nacho ni masikio. Gari likija, kabla halijasimama, nilikuwa nimeshataja ugonjwa wake: beringi ya nyuma, mkanda wa feni, ekzosi imetoboka. Mara nyingi nilipata. Watu wakacheka kwa mshangao, wakanibandika jina la Fundi Masikio, nami nikalivaa jina hilo kama shati jipya la Krismasi. Wahenga walisema mgema akisifiwa tembo hulitia maji. Mimi sikuwa mgema, lakini maji niliyatia, tena kwa ndoo.

Sasa, upande wa Uriri kulikuwa na mwalimu mkuu wa shule ya msingi, mjane aliyeitwa Mwalimu Risper. Alikuwa mwanamke mfupi, mwenye sauti ya kunyamazisha darasa zima bila kuipaza. Marehemu mume wake alimwachia gari moja, stesheni wagoni nyeupe, kuukuu, iliyomzidi umri hata binti yao Akoth. Gari hilo alilipa jina la Jaduong', ambalo kwa Kijaluo ni mzee wa heshima, na alikuwa akisema Jaduong' hajawahi kulala njiani.

Mara ya kwanza alipokuja kwangu aliniambia, "Fundi, usukani unacheza. Nikigeuza kidogo hivi, gari haisikii. Halafu nikiwa kwa barabara ya murram kuna kitu inagonga mbele, upande wa kushoto, ko, ko, na nikifunga breki..."

"Ni shoki, Mwalimu," nikasema. Sikumwacha amalize. Nilikuwa nimesikia ile ko, ko alipoingia uwanjani, na hiyo ilinitosha. Nikabadilisha shoki za mbele, zile zinazotuliza gari likipita mashimo, akaenda zake.

Baada ya majuma mawili akarudi. "Fundi, bado. Na tairi ya kushoto naona inalika kwa ndani, sasa nikajiuliza kama..."

"Tairi zimezeeka, Mwalimu." Nikazihamisha, za mbele nyuma na za nyuma mbele. Akaenda zake.

Mara ya tatu alikuja uso umekunjamana. Usukani ulikuwa unazunguka robo nzima kabla magurudumu hayajajua kwamba yameitwa. Hapo nilifanya jambo ambalo mpaka leo likinijia usiku wa usingizi mzuri hunigeuza upande. Kuna skrubu juu ya boksi ya stering, mahali fimbo ya usukani inapoingilia. Ukiikaza, usukani huwa mgumu mikononi. Nikaikaza. Usukani ukawa imara kama wa gari jipya, nami nikapiga makofi.

Mwalimu akaniuliza, "Jumamosi nampeleka Akoth kuolewa Kisegi. Itafika?"

"Mwalimu, hii itafika hata Mwanza."

Kama hujafika Kisegi, mwanangu, ni soko la wavuvi kule Suba Kusini. Ili ufike, unapanda milima ya Gwassi, kisha unateremka kuelekea ziwani. Wakati ule barabara ilikuwa kokoto tupu, na upande mmoja ni bonde. Mimi nilijua hivyo. Nilisema itafika huku najua njia ilivyo.

Basi Ijumaa ile, siku moja kabla ya harusi, nikaletewa habari kwamba ninaitwa Uriri upesi. Nilipofika nililikuta gari la Mwalimu limeegeshwa karibu na kinu cha kusaga mahindi, na mzee mmoja amechuchumaa mbele ya gurudumu. Alikuwa Mzee Chacha, Mkuria wa umri mkubwa, aliyeendesha na kutengeneza malori ya mpakani miaka mingi. Uzeeni alikuwa anatengeneza baiskeli pale sokoni. Mwalimu na Akoth walikuwa wamekuja kununua riboni za kupamba gari. Mzee aliona tairi tu, jinsi ilivyolika, akaomba ruhusa ya kutazama chini.

Nitakuambia ukweli: nilishikwa na hasira. Fundi wa baiskeli anaingiza mkono katika kazi yangu!

"Wewe ndiye Fundi Masikio?" akaniuliza.

"Ndiyo, mzee."

"Mimi masikio yangu ilimalizwa na malori. Mimi natumia mkono. Hebu lala hapa chini."

Nikalala, na shati langu la Ijumaa. Akamwambia Mwalimu aketi kwenye usukani, injini imezimwa, magurudumu yamekanyaga chini, autikise kidogo kushoto na kulia, kidogo tu, kama mtu anayebembeleza mtoto. Mimi nikaambiwa nishike kiungo kimoja kimoja. Nikaanza upande wa kulia. Fimbo ilisogea, gurudumu likasogea nayo, kama ng'ombe wawili wa nira moja. Nikashika upande wa kushoto, pale kwenye tairodi, kiungo kinachoshikanisha fimbo ya usukani na gurudumu. Ndani yake mna kichwa cha chuma, mviringo kama goroli kubwa, kinachozunguka ndani ya kikombe chake. Fimbo ilisogea. Gurudumu halikusogea. Halafu kikaruka ndani ya kiganja changu: ko.

Ile ile. Niliisikia mara tatu na sikuwahi kuishika hata mara moja.

Mzee akaniambia nitoke chini. Alilipiga gari jeki, akaweka mawe nyuma ya magurudumu na kigogo chini, akachukua mtalimbo akakibinya kile kiungo mara moja tu. Kikaachia. Mpira wa kuzuia vumbi ulikuwa umepasuka zamani, kikombe kimejaa udongo mwekundu, na goroli lenyewe limelika upande kama muwa uliotafunwa. Mwalimu, ambaye hakuwa anaona kilichotokea huku chini, akageuza usukani kulia. Gurudumu moja likatii. La pili likabaki limelitazama soko.

Akoth alikuwa amesimama pale na riboni zake mkononi. Akaketi polepole juu ya gunia la mahindi la mtu.

"Hapa Uriri gari imesimama," Mzee Chacha akasema. "Gwassi ingekuwa inateremka."

Ulimi wangu, mwanangu, badala ya kutulia ukatafuta njia. Nikasema, "Mzee, lakini ile boksi nilikaza, usukani ulikuwa sawa kabisa..."

"Ulikaza boksi ndio usukani unyamaze." Alinitazama bila ukali, na hilo ndilo lililoniumiza. "Mgonjwa akilia, wewe unamfunga mdomo?"

Naye Mwalimu akashuka garini, akaangalia gurudumu lake lililopotea, akaniangalia mimi. Hakupaza sauti. "Fundi," akasema, "mara tatu umenijibu kabla sijamaliza kuuliza."

Nilitamani ardhi ya Uriri inimeze. Nilikuwa na njia mbili tu: nishike barabara nirudi Migori, au nibaki. Sijui nilipata wapi ujasiri, lakini nilisema, "Mwalimu, nimekosa. Nipe leo tu." Mzee Chacha akakitoa kile kiungo kibovu, akakifuta kwa kitambaa, akanikabidhi. "Homa Bay kuna maduka ya spea. Beba hii. Usiniletee yenye inafanana nayo. Niletee yenye inaingia. Na ulete mbili, ya kulia haiko mbali na mwenzake."

Nikaenda Homa Bay mbio. Duka la kwanza walinipa tairodi inayong'aa, na ungeiona ungeapa ni ndugu wa ile yangu. Yule Fundi Masikio wa jana angeichukua akaondoka. Lakini nilizilaza zote mbili juu ya kaunta nikazilinganisha shingo kwa shingo, kile kipande cha chuma kinachotoka kwenye goroli, na ile mpya ilikuwa nyembamba kidogo, unene wa ukucha tu. Ingekaa ikicheza. Nikashukuru, nikatoka. Duka la pili mama mwenye duka alipanda ngazi, akavuta boksi lililofunikwa na vumbi, akanishushia mbili zilizoingia sawasawa kama mguu kwenye kiatu chake.

Saa tisa alasiri nilikuwa Uriri. Mzee aliketi kwenye kigoda chake akaniachia kazi, akisema neno pale tu nilipotaka kukosea. Nilipoanza kuzungusha tairodi ya kulia niitoe kwenye fimbo, akasema, "Hesabu." Nikahesabu mizunguko, kumi na saba, kwa sababu ile mpya lazima iingie mizunguko ile ile, la sivyo magurudumu yatatazama njia mbili. Shingo ilipokataa kuchomoka nikainua nyundo nipige juu ya nyuzi za bolti, akasema, "Utaiua." Akanionyesha: nyundo mbili, moja huku, moja kule, unagonga ubavu wa mkono wa chuma ulioishika, na shingo inaachia kwa mshtuko. Mapigo matatu ikaachia. Nikacheka peke yangu kama mwehu.

Nikafunga zote mbili, nati zikakazwa, pini mpya zikapita kwenye matundu yake na kukunjwa zisitoroke. Kisha mzee akatoa uzi wa katani, tukaupitisha kutoka gurudumu la nyuma hadi la mbele, pande zote mbili, tukanyoosha mpaka magurudumu yakatazama njia moja. Mwisho, bila kuambiwa, nikafungua ile skrubu ya boksi nikairudisha ilipokuwa kabla ya ujinga wangu. Mzee aliliona hilo. Akanisukumia kikombe cha uji.

Jua lilikuwa bado halijatua nilipomrudishia Mwalimu funguo. Nikamwambia, "Mwalimu, kabla hujaondoka, niambie tena shida zote za Jaduong'. Leo sitakukatiza."

Ole wangu! Akaanza na mlango wa nyuma usiofunga, akaja kwenye kioo, akaingia kwenye harufu fulani ya mahindi mabichi ambayo haikujulikana inatoka wapi, akamalizia na taa ya breki. Nilisimama wima kama mwanafunzi kwenye gwaride. Mzee Chacha alicheka mpaka akakohoa, na Akoth naye akacheka, cheko la kwanza tangu asubuhi.

Kesho yake Mwalimu aliendesha mwenyewe, nami akaniketisha kando yake. "Ikitoka njia, tutoke wote," akasema. Nyuma alikaa bibi harusi na shangazi zake wawili, keki mapajani, na Mzee Chacha alikuja na gari la pili kama mgeni wa heshima. Tulipofika kilele cha Gwassi ziwa likafunguka chini yetu, jeupe kwa jua. Mteremko ukaanza. Kona ya kwanza nilishika mlango kwa mikono miwili. Mwalimu aligeuza usukani kidogo na gari likasikia kidogo; akaugeuza zaidi, likasikia zaidi. Kona ya tatu akaanza kuimba wimbo wa kanisani. Shangazi wakaitikia. Nami nikaimba, na mimi sina sauti, muulize yeyote.

Kisegi walitupokea kwa sigalagala, wanawake wamejipanga njia nzima wakipiga vigelegele. Kulikuwa na samaki wa ngege wa kukaanga wasiohesabika, ugali wa mtama, na Mzee Chacha alicheza ngoma ya Kikuria mbele ya Wajaluo wa ziwani mpaka wakamvua kofia wakaigombania. Mwalimu aliposimama kusema akanivuta mkono mbele ya watu wote. "Huyu ni fundi wangu," akasema. "Amekosea mara tatu, ya nne amepata. Wanafunzi wangu wengi hawarudi mara ya nne." Watu wakacheka, nikacheka nao, na aibu yangu yote ikaishia pale. Kuanzia siku ile Kisegi waliniita Fundi wa Nne, na wenye magari walivuka milima kunifuata Migori. Kila Jumapili baada ya kanisa nilikwenda kwa Mzee Chacha kujifunza mkono, miaka mingi, mpaka mikono yake yenyewe ikachoka.

Kwa hiyo sikiliza, mwanangu, ninachotaka ubaki nacho. Siku hizi nyinyi mafundi vijana mnachomeka kompyuta garini, mnausoma ugonjwa kwenye simu, na ni vizuri. Lakini kiungo kilicholika hakitumi ujumbe. Lazima ulale chini ukishike. Mwenye gari akikueleza, mwache afike mwisho wa maneno yake, kwa sababu mara nyingi dawa iko katika lile neno la mwisho unalomkatiza. Kelele usiinyamazishe kabla hujajua inalia nini. Asiyeziba ufa hujenga ukuta, na ufa wa gari hauli matofali, unakula watu. Na ukikosea, sema mapema, ukiwa bado una mchana wa kurekebisha. Kuvunjika kwa koleo si mwisho wa uhunzi. Mimi nilivunja langu sokoni mbele ya watu, na hapo ndipo kazi yangu ilipoanza.

Haya, nenda. Mungu akupe mikono yenye subira na moyo usioona haya kujifunza. Wanaopanda unachokitengeneza wafike salama kwa wanaowangoja, na safari zako ziwe na nyimbo.