Ubeti wa Nne wa Mama Edina

Nilikwenda Busawe kwa sababu ya wimbo. Kanisa letu hapa Tarime linachapa upya kitabu cha nyimbo, na mimi ni katibu wa kamati. Chini ya wimbo tunaouimba kwenye kila msiba pameandikwa tu: "Mama Edina, Mmarekani." Mwaka jana, nikimzika mume wangu, niliuona mtamu mno kwa uchungu niliokuwa nao. Nikataka kumjua aliyeutunga.

Saa moja asubuhi nilipanda pikipiki ya kukodi. Tulipopita Nyamwaga, migomba ilikuwa bado na umande. Mbele, upande wa Nyakunguru, vijana waliotoka Geita na Shinyanga walishaanza kuponda mawe ya dhahabu. Tulipovuka Mto Mara tulikuta tope; nikashuka mara mbili kusukuma.

Saa tano tulifika Busawe kwa Bibi Bhoke, niliyeelekezwa kwake kwa kuwa aliishi na Mama Edina tangu yeye Bhoke akiwa msichana. Alikuwa akipepeta mtama.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba. Umemfuata mzungu wangu?"

Akanisimulia. Edina alikuja akiwa nesi kijana, wala hakuolewa. Mashairi yake ya dini aliyatuma kwao Marekani, hakuna aliyeyachapa. Huku akaanza kutunga kwa Kiswahili, Bhoke akimsahihisha. Kisha mtoto wa kwanza wa Bhoke akaugua. Edina alimuuguza siku tatu, akamfia mikononi. Wiki hiyo ndipo alipotunga wimbo wetu.

"Mnaimba beti ngapi?"

"Tatu, bibi."

"Ziko nne. Wa nne wachungaji waliukata."

Akaweka ungo chini, akaimba:

"Sote wawili, Bwana, tulimsikia mtoto akilia;
mbona mimi peke yangu niliamka?"

Nikauliza, "Kwa hiyo alimwacha Mungu?"

"Angemwacha, angemuuliza nani? Aligombana naye mpaka anakufa, na kila asubuhi alisali. Mwanangu, ukiandika, andika zote nne. Ukikata, na jina lake litoe."

Jioni nilikuwa Tarime. Alhamisi kamati ilikaa, tukabishana mpaka chai ikapoa. "Dada katibu," alisema mwenyekiti, "ubeti huu unamlaumu Mungu." Kura zilinishinda. Jina la Edina nililifuta kwa mkono wangu, nikalia.

Safari ile ilinifundisha kwamba hata lawama ni sala. Mwezi uliopita jirani yangu alimzika binti yake. Kwaya ilipomaliza ubeti wa tatu, niliendelea peke yangu na ule wa nne. Watu waligeuka kunitazama. Jirani yangu akainua kichwa kwa mara ya kwanza siku ile.

"Rudia," akasema.