Risasi ya Stana

Baba yake alimpa jina kwa hasira. Mileta alikuwa tayari na mabinti watatu, na alipoambiwa wa nne naye ni msichana, alimpiga mkewe teke la ubavu, mama wa watu bado amelala kwenye majani aliyojifungulia.

"Huyu ataitwa Stana," alisema.

Kule milimani kila mtu alijua maana yake: koma, wasije wengine. Ndivyo walivyowafukuza wasichana kwa jina, kana kwamba ni mvua ya mawe. Ujinga mtupu, lakini ulikuwa na mizizi.

Walisema pia kwamba wanaoitwa hivyo huwa wakaidi. Kwa Stana hawakukosea. Alipokuwa na miaka kumi na mmoja na mtoto wa kiume hajapatikana bado, Mileta alimshukia mkewe na koleo la chuma la mekoni. Stana akasimama katikati.

"Toka hapo, mkosi wee!"

"Sitoki, baba."

Koleo lilimvunja mfupa wa bega. Hakusogea hata hatua moja. Pigo la pili lilipita juu yake likampata mama kichwani, na siku ya tatu wakamzika. Kaburini Stana aliapa kimoyomoyo kwamba akizaa binti, hakuna mtu atakayempa jina la kumfukuza.

Aliolewa na Vukota, ng'ambo ya bonde. Asubuhi aliposhikwa na uchungu, Vukota alitia risasi bunduki akaiegemeza mlangoni. Mtoto wa kiume hupigiwa risasi tatu, na majirani huja na chupa kusherehekea. Wa kike hapigiwi kitu.

Mama mkwe, Bi Petruša, ndiye aliyemzalisha. Alimwita mwanawe ndani huku akiangalia chini.

"Nini?" Vukota aliuliza.

"Binti, mwanangu."

"Basi ni Dosta. Imetosha! Nakwenda kumwambia Novica sasa hivi."

Novica ndiye angekuwa baba wa ubatizo, na jina akishalitamka yeye mbele ya watu, halibadiliki.

"Hataitwa hivyo," Stana alisema.

"Nani kakuuliza? Tumbo lako wewe limezaa nini zaidi ya kiburi?"

Akamzaba kofi, damu ikamtoka mdomoni. Akamshika mtoto kwa nguo alizoviringishiwa, akamtupa kwenye majani. Mtoto alilia kwa sauti nyembamba, na hapo Stana akainuka, damu ya uzazi ikimtiririka miguuni. Alichomoa chuma cha kuchochea moto akakishusha kwenye kifundo cha mkono wa mumewe. Mfupa ulilia, wote watatu wakausikia. Vukota alipiga magoti akitukana, na alipoinua kichwa akaukuta mtutu wa bunduki yake mwenyewe kifuani.

"Usisogee, mwanangu," Bi Petruša alinong'ona. "Huyu anakuua kweli."

Stana alitamani kumuua. Alirudi nyuma hadi kizingitini, akaelekeza mtutu angani, akafyatua mara tatu.

Haikuchukua muda mrefu, majirani wakapanda kilima mbio, Novica mbele na chupa kwapani.

"Hongera, Vukota! Dume hilo! Anaitwa nani?"

Ua ukajaa watu. Stana alikuwa ameketi mlangoni, mtoto kifuani, bunduki mapajani. Vukota alificha mkono ndani ya koti, uso umempauka. Akisema hakupiga yeye, itabidi aseme mwanamke aliyejifungua asubuhi ileile amemvunja mkono na kumnyang'anya silaha. Angechekwa mpaka kufa kwake.

"Ni binti," alisema.

"Risasi tatu kwa binti? Umelewa?"

"Nimepiga mimi. Umesikia? Mimi!" Akamtupia mkewe jicho.

"Draga," Stana alisema.

Draga ni mpendwa, mwenye thamani. Novica aliwatazama wote wawili, akaiona damu kwenye nguo ya uzazi na kwenye mdomo wa Stana. Akainua chupa.

"Haya basi. Draga!"

Watu wakaitikia.

Stana alizaa mabinti wengine wawili. Mkono wa Vukota haukunyooka tena, bunduki ikamshinda. Alipozaliwa wa mwisho, aliyefyatua mlangoni alikuwa Draga, miaka tisa, na mama yake nyuma yake akimshikilia kitako cha bunduki kisimpige bega.