Makunyanzi ya Malkia wa Sinema

Shoga yangu aliniapisha nisimwambie mtu. Nawe msomaji apa vivyo hivyo, maana mimi sisemi, naandika tu.

Kwenye ukumbi wa wazee hapa ughaibuni, mtaa wa Rexdale, walituonyesha filamu ya zamani ya mwigizaji wa Kiitaliano. Mume wa shoga yangu, Mgoa wa Nairobi, hakunyamaza.

"Alianza fundi cherehani, akawa malkia wa sinema, akaacha kuigiza kabla hajazeeka! Kiuno kile!"

"Na mimi je?" shoga yangu akamuuliza.

"Wewe unapika vizuri."

Hata mimi roho iliniuma. Mwenzangu akabenua mdomo, akatoka.

Taa zilipowaka tukamkuta mlangoni, kalamu mkononi, anaichora makunyanzi picha kubwa ya yule mwigizaji iliyobandikwa hapo kutangaza filamu.

"Mama watoto, unafanya nini?"

"Nampa umri wake. Kwani nizeeke peke yangu?"