Kidole Gumba cha Phulmati

Phulmati Devi aliwapikia watoto wa shule ya msingi ya Narharpur miaka kumi na mmoja, na dengu zake hazikumuua mtu. Ndipo wazazi wa tabaka la juu walipogundua, kwa ghafla, kwamba mkono wake, wa tabaka la chini, ni najisi. Afisa elimu, Bwana Tripathi, msomi wa shahada mbili, akamwachisha kazi kwa barua iliyotaja kosa moja: uchafu.

Mahakama Kuu ikaitengua barua hiyo, ikaamuru mama arudishwe jikoni. Tripathi akakata rufaa, akalala usingizi. Kila Phulmati alipofika ofisini, jibu lilikuwa lile lile.

"Mama, rufaa ipo. Ngoja."

Akangoja miaka miwili. Ng'ombe wake akazaa mara mbili.

Wakili wake, mzee Ansari, mgonjwa wa kifua, alipozisikia habari hizi alipandwa na hasira hadi akasahau kukohoa.

"Umechezewa, dada yangu! Kukata rufaa si kupata zuio. Bila zuio, hukumu inasimama palepale. Huyu anaidharau mahakama mchana kweupe!"

Wakafungua shauri la kudharau mahakama. Jaji alimwuliza wakili wa serikali swali moja.

"Zuio liko wapi?"

"Tumeliomba, mheshimiwa."

"Hata mimi nimeomba uhamisho wa kwenda milimani. Unaniona niko milimani?"

Akatoa wiki mbili: mama arudishwe kazini, la sivyo afisa aje ajieleze mwenyewe.

Siku ya kumi na tatu gari la Tripathi likasimama shuleni. Phulmati akakabidhiwa ufagio. Daftarini aliandikwa mpishi. Chunguni alikuwepo mpwa wa mwenyekiti wa kijiji.

"Weka kidole hapa, mama, kwamba umerudishwa," Tripathi akasema, akimnyooshea karatasi.

"Nimerudishwa wapi? Hukumu imesema jikoni, wewe unanipa uwanja nifagie."

"Kwenye karatasi wewe ni mpishi. Mengine polepole. Watu watakasirika."

"Watu! Kwani mimi nani, mbuzi?"

Akautupa ufagio, akaingia jikoni, akampokonya yule mpwa upawa, akapakua wali na dengu, akarudi na sahani.

"Kula, bwana mkubwa. Ukila, naweka kidole."

Watoto wakasogea kutazama. Tripathi akaitazama sahani, akawatazama watoto, akaitazama saa yake.

"Leo Jumanne, siku yangu ya ibada. Nimefunga."

"Ahaa. Basi na kidole changu kimefunga."

Akakikunja ndani ya ngumi, akaketi kizingitini, akaila ile sahani mwenyewe, taratibu, mpaka gari likaondoka.

Kesho yake Tripathi alisimama mahakamani, viganja vimeungana kifuani. Jaji akaonyesha ile nafasi tupu ya kidole kwenye karatasi, akauliza kulikoni. Tripathi akaomba radhi bila masharti, akasamehewa kwa sharti moja: asubuhi inayofuata Phulmati awe chunguni.

Radhi aliombwa jaji, ambaye hakuwa amekaa miaka miwili bila kazi. Phulmati alikuwa hatua tatu nyuma ya Tripathi; hakugeukiwa hata kwa jicho.

Ansari akamnong'oneza: "Tabasamu, dada yangu. Tumeshinda."

"Tabasamu wewe. Shuleni kuna watoto sitini, na tayari nasikia ishirini wamekatazwa kugusa chakula changu."

"Sasa utafanyaje?"

"Nitapika cha sitini."